Kubina na Kubinua

Wanawake wanne walisimamishwa mbele ya hakimu asubuhi ile ya Jumatatu, na watatu kati yao walikuwa wamekwisha kubaliana cha kusema kabla hata hawajatolewa mahabusu.

"Ni kweli, mheshimiwa," alisema Apolinaria.

"Ni kweli, mheshimiwa," alisema Katarina, akavuta mtandio mpaka kwenye nyusi.

Wa tatu alisema ni kweli kabla shtaka halijamalizwa kusomwa, mpaka hakimu akamwambia asubiri. Walikuwa na haraka, na nani angewalaumu? Walilala kwenye sakafu ya kituo tangu Jumamosi, na nguo zilezile walizokamatwa nazo, na kila askari aliyeingia zamu alipata sababu ya kupita kuwachungulia. Walitozwa faini, wakapewa onyo, wakaenda kuoga.

Wa nne alikuwa Mektilda Lugembe, mwanamke wa miaka arobaini na kitu, mrefu, mwenye mabega mapana ya mtu aliyelimishwa tumbaku tangu utotoni. Ndiye aliyewafundisha wale watatu. Jumamosi walicheza kwenye bustani ya baa ya Luhende pale Gongoni, na siku nyingine waliitwa kwenye harusi na sherehe za kuwatoa wali ndani. Hakimu alikuwa mwanamke pia, mdogo kwake kwa umri, mwenye miwani na sauti ya chini. Akamsomea taratibu.

"Kwamba wewe, Mektilda Lugembe, ukiwa eneo la Gongoni, Manispaa ya Tabora, ulifanya kitendo cha aibu hadharani, kwa kubinua makalio mbele za watu kwa namna ya kuamsha ashki, huku ukijua kwamba kufanya hivyo ni kosa. Ni kweli au si kweli?"

"Si kweli."

Karani akainua kichwa. Kwenye benchi la nyuma, Xavery, mumewe, fundi wa vitanda, akafumba macho.

"Hukuwepo kwenye baa hiyo?" aliuliza hakimu.

"Nilikuwepo."

"Hukucheza?"

"Nilicheza, mheshimiwa. Tena siku ile nilicheza vizuri sana." Watu wakacheka. Mektilda hakucheka. "Kisicho kweli ni hiyo aibu. Ingekuwepo ningeiona, kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa katikati."

"Hapa si jukwaani, mama."

"Najua, mheshimiwa. Ndiyo maana nimesimama tu."

Hakimu aliandika kwamba mshtakiwa amekana, akaweka tarehe ya kusikiliza kesi wiki iliyofuata, akaruhusu dhamana. Kisha akasoma jina la shahidi ambaye askari mpelelezi alikusudia kumleta. Shahidi huyo aliitwa Bertila Samweli, mama mkwe wa mshtakiwa.

Mektilda akageuka kumtazama mumewe. Xavery alikuwa akitazama viatu vyake.

*

Tusimwonee bibi kizee wa watu kabla hatujamsikia. Bibi Bertila alikuja mjini kutoka Goweko kwa treni kwa ajili ya goti lake, na goti lilikuwa limempa sababu ya kukaa kwa mwanawe mwaka mzima sasa. Alivaa rozari shingoni mchana na usiku. Hakuficha kwamba hakupenda kazi ya mkwewe, na alikuwa akiisema kila siku, jikoni, huku akila chakula kilichotokana nayo.

Siku hiyo Mektilda na Xavery walimkuta kwenye kigoda akimenya karanga.

"Shikamoo mama," alisema Mektilda.

"Marahaba. Wamekuachia?"

"Kwa dhamana. Nasikia wewe ndiye shahidi wao."

"Shahidi wa nani?"

"Wa serikali. Ulimwambia askari kwamba mimi nabinua makalio."

Sinia la karanga likapinduka. "Mimi? Mimi nitamke neno hilo mbele ya mtoto wa kiume? Mimi, Bertila?"

"Limesomwa mahakamani, mama," alisema Xavery kwa unyonge. "Watu wote wamesikia."

Bibi akaapa kwa rozari. Kweli askari alikuja, Jumapili baada ya misa, kijana mpole, jina lake Leodgar. Alimwamkia vizuri, akakaa palepale mlangoni, akala karanga, akauliza mkwe wako anafanya kazi gani. "Nikamjibu ukweli. Nikamwambia huyo kazi yake kubina. Asubuhi anabina, jioni anabina, hata akisonga ugali anabina. Akaandika, nikaweka dole gumba, akaniaga vizuri. Kosa langu liko wapi?"

Halafu Mektilda akaanza kucheka, akacheka mpaka akakaa chini kati ya karanga.

Kwa Mnyamwezi kubina ni kucheza ngoma, basi. Mtoto anabina, bibi harusi anabina, na askofu akifurahi sana naye anabina. Lakini afande Leodgar alikuwa amehamishiwa Tabora kutoka Ruvuma miezi michache tu iliyopita, na Kinyamwezi alichokuwa nacho kilimtosha kununulia asali. Alisikia kubina, akaona bibi wa watu amemeza herufi, akamsaidia. Akaandika kubinua, ambalo ni Kiswahili safi, ni kukifanya kitu kitokeze na kutazama juu, na likisemwa juu ya mwanamke hakuna anayeuliza ni kitu gani. Makalio aliyaongeza mwenyewe ili maelezo yakamilike.

Xavery alikuwa amesimama. Uso wake ulikuwa umefunguka kwa mara ya kwanza tangu Jumamosi. "Basi tumepona! Mama unasimama, unasema hukusema kubinua, ulisema kubina. Na wewe, mama Kabula, unasimama, unasema ulibina tu, kama wanavyobina akina mama kanisani wakati wa matoleo. Kesi imekwisha!"

"Na nikiulizwa kama nilibinua?" aliuliza Mektilda.

"Unasema hukubinua."

"Lakini nilibinua, baba Kabula."

"Litoe hilo neno jikoni kwangu," alisema Bibi Bertila, akaanza kuokota karanga moja moja.

*

Wiki ile ilikuwa ndefu. Tabora ni mji mkubwa mpaka ufanye jambo, hapo ndipo unagundua ni uani tu.

Video ya ngoma ya Jumamosi ilikuwa imefika kila simu. Aliyeipiga alikuwa mteja wa Luhende, mtu mzima mwenye heshima zake, aliyetaka kumtunza Mektilda kwa kumchomeka noti kiunoni. Sharti la Mektilda lilijulikana na wote: pesa huwekwa kwenye sinia, na hakuna anayegusa. Alimshika yule bwana kifundo cha mkono mbele za watu wote, akamwonyesha sinia lilipo, wala hakuacha kucheza. Watu walimcheka bwana yule. Akarudi kitini, akainamisha simu chini ya meza, akapiga picha kuanzia kiunoni kushuka, akaisambaza, na siku ileile polisi wakafika. Ngoma ile inaanza mabegani, Mektilda akiwa amejifunga kibwebwe, uso umetulia wala hatabasamu, na inashuka polepole mpaka magoti yanakaribia mkeka, na ukiitazama yote unaona mtu anayefanya kazi ngumu anayoijua. Kwenye simu za watu hapakuwa na uso wala mabega. Palikuwa na khanga na kiuno.

Siku ya Jumanne mzee Fikiri alifika kwenye karakana ya Xavery. Alikuwa ameagiza kitanda cha mninga cha harusi ya binti yake, na kitanda kilikuwa kimekwisha, kimebaki kupigwa msasa wa mwisho.

"Kizuri," alisema mzee Fikiri, akakipapasa kichwa cha kitanda. "Kizuri sana, fundi. Lakini mama watoto amekataa. Anasema binti anaanza maisha, hawezi kulala kwenye kitanda kilichotoka nyumba ile."

"Kitanda kimetoka kwenye mninga, mzee."

"Unanielewa lakini."

"Nakuelewa, mzee," alisema Xavery, na alijichukia kwa kusema hivyo mpaka jioni.

Alhamisi jumuiya yao ya kanisa ilisali nyumba ya jirani. Xavery ndiye aliyekuwa akisoma somo kila mara, kwa kuwa ana sauti nzuri. Alipoinuka kuchukua Biblia, mwenyekiti alimwahi, akasema leo asome mtu mwingine, tumpumzishe ndugu yetu ana mambo mengi. Alisema kwa upole kabisa. Xavery akakaa tena chini, na mama mmoja akasogeza mkeka wake kidogo, kama mtu anayekwepa maji.

Kabula, binti yao, akapiga simu kutoka shule ya bweni Nzega, kwa simu ya matroni. "Mama, ni kweli uko kwenye simu za watu?"

"Ni kweli, mwanangu."

"Wanasema huna kichwa."

"Waambie kichwa kiko Tabora, kinafikiri."

Binti akacheka, halafu akalia, halafu akacheka tena. Mektilda alipokata simu alikwenda nyuma ya nyumba akakaa huko muda, na aliporudi macho yalikuwa mekundu. Msidhani hakuumia. Aliumia sana. Ila hakuona kwamba kuumia ni sababu ya kukubali.

Jioni ileile afande Leodgar alikuja, bila sare, na nusu kilo ya sukari kwa ajili ya bibi. Bibi Bertila alipokea sukari na hakumkaribisha kiti.

"Nimeambiwa na wenzangu kituoni," alisema kijana wa watu, akikuna shingo. "Kumbe kubina ni kucheza. Bibi nisamehe. Sasa maelezo siwezi kuyafuta, yameshaingia kwenye jalada. Lakini wewe sema ulivyosema mwanzo. Na mama Kabula akisema alicheza tu, kawaida, mimi sitambana. Na ile video hata haionyeshi ni nani. Mheshimiwa naye si mtu mbaya. Tutamaliza."

"Asante, afande," alisema Xavery. Alikuwa karibu kumbusu.

"Asante, afande," alisema Mektilda. "Umefanya uungwana. Lakini nikiulizwa nitajibu."

Leodgar akamtazama Xavery, Xavery akamtazama mama yake, na bibi akaitazama sukari.

Alipoondoka ndipo ugomvi ulipoanza. Xavery si mtu wa kelele, lakini siku hiyo alipiga meza yake mwenyewe aliyoitengeneza kwa mikono yake.

"Unataka nini, mama Kabula? Unataka kufungwa? Neno moja tu! Sikubinua. Halafu unarudi nyumbani!"

"Nikisema sikubinua, nimesema kubinua ni uchafu. Ndiyo wanachotaka kusikia. Apolinaria amekubali kwa sababu ana mtoto anayenyonya, simlaumu. Mimi sina mtoto anayenyonya."

"Una mume! Mume anayerudishiwa vitanda!"

"Waliokirudisha hicho kitanda walikuja kukitazama kiuno changu Jumamosi kabla hawajaja kukitazama kitanda chako." Mektilda alisimama, na alikuwa mrefu kuliko mumewe, jambo ambalo kwa kawaida wote wawili walikuwa na adabu ya kulisahau. "Mwaka juzi walituita kwenye sherehe ya wakubwa, pale uwanjani. Tulicheza ngoma hiihii, khanga hizihizi. Mgeni rasmi alitutunza kwa mkono wake, wakapiga makofi, wakasema utamaduni. Nimebadilisha nini? Mwili ni huuhuu. Kilichobadilika ni kwamba nimemnyima mtu mmoja kunishika. Yeye kanikata kichwa akabakiza kiuno akasambaza nchi nzima, na mchafu nikawa mimi. Sasa wanataka nikasaidie kusema hivyo. Sisaidii."

"Hata kama ni baa?" aliuliza Bibi Bertila kutoka kwenye kona yake. "Mbele ya walevi?"

"Hata kama ni baa, mama. Na walevi."

"Basi mimi na wewe bado tunagombana," alisema bibi.

"Najua, mama."

*

Siku ya kesi chumba cha mahakama kilijaa. Watu ambao hawajawahi kuhudhuria hata kikao cha mtaa walikuja mapema kuwahi benchi.

Leodgar alitoa simu kama kielelezo. Hakimu akaitazama video mara mbili, uso wake hausemi kitu, akaiweka mezani.

"Una swali kwa shahidi?" alimuuliza Mektilda.

"Moja, mheshimiwa. Afande, huyo kwenye simu ni nani?"

"Ni wewe," alisema Leodgar.

"Umenijuaje, na sina uso?"

Watu wakaangua kicheko. Leodgar akaichukua simu, akaichungulia tena. Xavery akasogea ukingoni mwa benchi, kwa sababu aliona kesi ikianguka yenyewe.

"Usihangaike, afande," alisema Mektilda. "Ni mimi. Nilitaka tu mheshimiwa ajue kwamba umenishtaki bila kuniona usoni."

Ikaitwa zamu ya Bibi Bertila. Alipanda kizimbani kwa goti lake bovu, akaapa kwa Biblia akaishikilia mpaka karani akamnyang'anya taratibu.

"Mama," alisema hakimu, "ulimwambia askari kwamba mshtakiwa alibinua makalio?"

"Mwanangu, mimi ..."

"Sema mheshimiwa," karani alimkumbusha.

"Mheshimiwa mwanangu, mimi nilisema kubina. Kubina ni kucheza. Huyu mtoto hakuelewa, hakuuliza, akaandika la kwake. Mimi neno lile silitamki."

Hakimu aliandika kwa muda. "Kwa hiyo wewe huoni kosa katika kazi ya mkweo?"

"Naliona. Sipendi anavyochezea baa. Nimemwambia, na leo tukirudi nitamwambia tena. Lakini huo ni ugomvi wangu mimi na mke wa mwanangu, unaishia jikoni. Mimi sikuiita serikali jikoni." Bibi akashika ukingo wa kizimba. "Na kwa kuwa umeniapisha, ngoja niseme yote. Ngoma ile nimeicheza mimi. Bibi yangu aliicheza, wakati wapagazi wakirudi kutoka pwani na mizigo ya watu kichwani, miezi na miezi hawajaonekana. Wanawake walitoka nje njiani kuwapokea, mchana kweupe, na viuno hivyohivyo. Ndivyo mtu alivyojua amefika kwao. Halafu akaja padri mmoja kule kwetu akasema ni mambo ya shetani. Nilikuwa msichana. Alinipigisha magoti kwenye changarawe mbele ya kanisa, niseme nimetenda uchafu. Nikasema. Nilikuwa naumia, nikasema, nikaacha kucheza. Watu wanafikiri goti hili ni uzee."

Xavery alikuwa hajawahi kusikia hayo. Alikuwa amemkanda mama yake goti hilo kwa mafuta mwaka mzima, na hajawahi kuyasikia.

"Basi hilo tu," alisema bibi. "Nilisema kubina."

Hakimu akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena. Alikuwa mtu wa haki kwa kadiri sheria ilivyomruhusu, na aliamua kuufungua mlango wazi kabisa.

"Mshtakiwa, sikiliza vizuri kabla hujajibu. Shahidi amesema kubina. Shtaka linasema kubinua. Kucheza ngoma si kosa katika nchi hii. Nakuuliza mara moja tu. Siku ile ulibina, au ulibinua?"

Kwenye benchi, midomo ya Xavery ilikuwa ikitengeneza neno bila sauti: bina, bina, bina.

Mektilda alimwona. Alimpenda sana kwa wakati ule, na hakumtii.

"Nilibina, mheshimiwa. Na ndani ya kubina, nilibinua. Ngoma yetu inabinua. Mama amelisema neno moja kwa sababu ya heshima zake, mimi nasema yote mawili kwa sababu ndiyo kazi yangu."

Hakimu akaweka kalamu chini. "Unajua unachokisema?"

"Najua."

"Katiba inampa kila mtu uhuru wa kutoa mawazo yake. Sheria inaweka mipaka. Sasa niambie mimi, kubinua makalio kwenye baa ni wazo gani?"

Wapo waliocheka. Mektilda alingoja wamalize.

"Wazo ni kwamba hiki kiuno ni changu, mheshimiwa. Nimekiinamishia jembe kwenye tumbaku ya watu. Nimekizalia, nimekibebea. Siku zote sita kinafanya wanachosema wengine. Jumamosi kinasema chake. Kinasema bado hakijachoka."

"Kuna mahali pa mambo hayo. Ndani, kwa wanawake wenyewe."

"Ndani nimecheza miaka, na wanawake wananijua. Bustanini hakuna mtoto, Luhende anakagua getini. Waliokuwepo ni watu wazima, wamekuja kwa miguu yao, wakakaa mpaka mwisho. Wengine nawaona wamekaa pale nyuma, wanaweza kusimama waseme kama walidhurika."

Vichwa vyote viligeuka. Kwenye benchi la mwisho wanaume wawili walikuwa wameinama ghafla kufunga kamba za viatu. Mmoja alikuwa amevaa kandambili. Huyo wa kandambili alikuwa mzee Fikiri.

Xavery alimwangalia mzee Fikiri, akamwangalia muda mrefu kuliko adabu inavyoruhusu. Kisha akageuka mbele, akaacha kuchezesha midomo.

"Nimejaribu kukusaidia," alisema hakimu.

"Nimeona, mheshimiwa. Nakushukuru kweli."

Hukumu ilisomwa saa sita mchana. Kucheza si kosa, ilisema, lakini mshtakiwa kwa kinywa chake mwenyewe amekiri kitendo kilichotajwa kwenye shtaka, na uhuru wa mtu unaishia pale maadili ya jamii yanapoanza. Alipe faini, au atumikie kifungo cha miezi mitatu.

*

Walimweka Mektilda kwenye chumba kidogo cha nyuma, akisubiri faini ilipwe au gari la magereza lije. Xavery aliruhusiwa kuongea naye kupitia nondo za dirisha, afande Leodgar akiwa amesimama mbali na kuwapa mgongo kwa hiari yake.

"Pesa ninayo," alisema Xavery. "Nilijua utafanya hivi, nikaja nayo."

"Usilipe."

"Mama Kabula."

"Ukilipa, Jumamosi watasema hivi, yule alikiri akatozwa. Kila atakayecheza baada yangu ataonyeshwa risiti yangu. Nataka waniambie huko juu, kwa hakimu mkubwa zaidi, kwamba mwili wangu ni kosa. Nikisikia kwa wote ndiyo nitajua wamesema. Nenda ukakate rufaa."

"Na wewe ukae ndani?"

"Nitakaa."

"Mimi sijui kuongea kama wewe," alisema Xavery. "Kwenye jumuiya walininyima Biblia, sikusema kitu. Kitanda nikarudishiwa, nikasema nakuelewa mzee. Mimi si mtu wa kusimama."

Mektilda alitoa vidole kati ya nondo akamshika ukosi wa shati, akaunyoosha, kama alivyomnyoosha kila Jumapili kabla ya misa. "Basi nenda hivyohivyo usivyojua kusimama, lakini uende."

Bibi Bertila alifika akichechemea na khanga mbili na pakiti ya karanga. Alizipitisha dirishani moja moja. "Hizi za kujifunika," alisema. "Usizichezee huko ndani, nitasikia." Kisha akamgeukia mwanawe. "Zile pesa bado unazo mfukoni?"

"Ninazo, mama."

"Ziache hukohuko. Mimi nilisema uchafu kwenye changarawe nikaruhusiwa kwenda nyumbani. Nimekaa nyumbani tangu siku hiyo. Haya, nenda."

Dirisha la karani lilikuwa na foleni, na foleni ikampisha, kwa sababu kila mtu alikuwa anajua amekuja kufanya nini. Karani alikuwa ameshafungua kitabu cha stakabadhi.

"Pole, fundi. Lete tumalize, mama aende akapumzike."

"Sijaja kulipa. Nimekuja kukata rufaa."

Karani akamtazama. "Lipa kwanza, mkeo atoke. Rufaa utakata baadaye, ukipenda."

"Amesema nisilipe."

"Wewe si ndiye mume? Unaambiwa na mwanamke?"

Nyuma yake kuna mtu alicheka kwa pua. Kwa mazoea Xavery akainama kutazama viatu vyake. Halafu akaviacha, akainua uso.

"Mimi ndiye mume," alisema. "Mume wa Mektilda, mcheza ngoma. Yule mliyemwona wote. Nataka karatasi ya rufaa."

Karani akafunga kitabu cha stakabadhi, akachomoa karatasi kwenye droo kwa uvivu, akashika kalamu.

"Sababu za rufaa?"

Xavery alikuwa na ile sauti nzuri ya kusomea somo, na tangu Alhamisi hakuwa ameitumia. Aliitoa yote sasa, mpaka watu waliokuwa nje wakageuka, mpaka kwenye chumba cha nyuma mtu akasogea dirishani.

"Andika kwamba mke wangu alibina, na alibinua, na hakuna kosa."

"Hiyo ni sababu moja tu, fundi. Wenzako huwa wanaleta tano, sita."

"Moja inatosha," alisema Xavery. "Andika."

Karani akaandika, na alipofika kwenye neno lile alisimama kidogo, akauliza kama ni bina au binua. Xavery akamtajia yote mawili, herufi kwa herufi.